Benki zilifunga milango, deni la nyumba halikufunga

Mtu wa Bukavu anapokwenda kuomba mkopo wa kujenga au kununua nyumba, swali lake la kwanza ni hili: "Kila mwezi nitalipa ngapi?" Akitajiwa kiasi anachoona atakiweza, anatia sahihi na kwenda kutafuta fundi. Swali la pili hutolewa na wachache: "Siku nitakapomaliza, nitakuwa nimelipa jumla ya ngapi?" Na la tatu karibu halisikiki: "Nikishindwa kulipa kwa sababu isiyotoka kwangu, deni hili litakuwaje?"

Katikati ya mwezi wa pili 2025, swali hilo la tatu liliingia nyumbani mwetu bila kubisha hodi. Waasi wa AFC/M23 walipouteka mji, benki za biashara zilifunga milango yake, kama zilivyofunga Goma wiki chache kabla. Mwenye akiba alibaki akitazama geti lililofungwa. Mwenye mshahara wa benki alianza kuufuata mbali, wengine wakavuka Ruzizi kwenda Kamembe, wengine wakazitoa pesa kwa simu na kukatwa tozo juu ya tozo. Biashara za soko la Kadutu zilipungua kwa sababu wateja hawakuwa na noti mkononi. Lakini mikataba ya mikopo iliyotiwa sahihi kabla ya siku hizo ilibaki palepale, pamoja na tarehe zake za malipo.

Hoja yetu leo ni kwamba gharama ya kweli ya mkopo wa nyumba haimo katika riba inayotajwa mezani. Imo katika muda. Na katika mji huu, muda ni kitu ambacho mkopaji hakitawali. Kwa hiyo ni lazima kila anayekopa ajue bei ya muda huo kabla ya kutia sahihi, na ni lazima anayekopesha alazimike kumwambia.

Tupige hesabu pamoja. Chukua mkopo wa dola 20,000 kwa riba ya asilimia 18 kwa mwaka, yaani asilimia 1.5 kwa mwezi, inayohesabiwa juu ya deni lililobaki. Huu ni mfano wetu tu, haukutoka katika benki yoyote. Ukilipa kwa miaka mitano, kila mwezi utatoa karibu dola 508, na mwisho utakuwa umelipa dola 30,470. Mkopeshaji akikuonea huruma na kukupa miaka kumi, malipo ya mwezi yanashuka hadi dola 360. Familia inapumua. Lakini jumla sasa ni dola 43,240. Ulikopa nyumba moja, umelipa bei ya nyumba mbili na zaidi.

Tazama pia jinsi deni lenyewe linavyopungua. Katika huo mkopo wa miaka kumi, mwezi wa kwanza unapeleka dola 360, na dola 300 kati yake ni riba. Ni dola 60 tu zinazogusa deni. Baada ya mwaka mzima umeshatoa dola 4,320, na deni limepungua kwa dola 787. Baada ya miaka mitano umeshalipa dola 21,600, zaidi ya kile ulichokopa, na bado unadaiwa dola 14,190. Hakuna wizi hapo. Ndivyo hesabu ya riba inavyofanya kazi popote duniani: mwanzoni mkopaji analipa riba, na deni lenyewe huanza kushuka kwa kasi mwishoni. Tatizo ni kwamba wengi wanaligundua hili wanapotaka kuuza nyumba au kumaliza deni mapema, na wanadhani wamedanganywa.

Kuna wanaodanganywa kweli, au angalau wasioelezwa. Riba ileile ya asilimia 18 inaweza kuhesabiwa kwa njia nyingine: juu ya kiasi chote cha mwanzo, hadi mwisho, hata kama nusu ya deni umeshalirudisha. Kwa dola zetu 20,000 na miaka mitano, riba inakuwa dola 18,000 badala ya 10,470. Malipo ya mwezi yanapanda hadi dola 633. Karatasi mbili zinaweza kuandikwa "asilimia 18" na kutofautiana kwa dola 7,500. Vilevile kuna riba inayotajwa kwa mwezi ili isikike ndogo. Asilimia 3 kwa mwezi ni asilimia 36 kwa mwaka, na mtu aliyezoea kusikia 15 au 18 anaweza kuiona 3 kuwa nafuu.

Juu ya riba kuna yale madogo yanayokatwa kabla pesa hazijafika mkononi: gharama ya kufungua faili, mtaalamu wa kukadiria thamani ya nyumba, notari, kuandikisha rehani katika ofisi ya hati za ardhi, bima ya maisha ya mkopaji. Kuna pia akiba ya dhamana ambayo mkopaji anatakiwa kuiacha kwenye akaunti. Ukikopa dola 20,000 na kuambiwa uache 2,000 zisiguswe, umepata 18,000 za kujengea, lakini riba unailipa juu ya 20,000. Asilimia 18 imekuwa 20 tangu siku ya kwanza, na hakuna aliyekutajia 20.

Halafu kuna sarafu. Mikopo mikubwa hapa kwetu ni ya dola, na sababu yake tunaikumbuka. Mwaka 1993 serikali ya Zaire ilibadilisha zaire milioni tatu kwa zaire mpya moja, na mwaka uliofuata bei zilipanda kwa maelfu ya asilimia. Aliyekuwa na akiba aliipoteza, na aliyekopesha kwa fedha ya nchi alirudishiwa karatasi. Tangu hapo mkopeshaji hataki kusikia habari ya faranga kwa mkopo wa miaka mingi. Lakini mwalimu, muuguzi na mtumishi wa serikali wanalipwa faranga. Mwanzoni mwa 2023 dola moja ilikuwa karibu faranga 2,000. Mwaka 2024 ilifika karibu 2,800. Aliyekuwa na malipo ya dola 100 kwa mwezi alikuwa akitafuta faranga 200,000, kisha akawa anatafuta 280,000. Deni halikuongezeka hata dola moja. Mshahara wake ndio uliopungua.

Haya yote hayamaanishi kwamba mkopo wa nyumba ni ubaya. Familia inayopanga kwa dola 150 kwa mwezi inatoa dola 9,000 kwa miaka mitano, na mwisho haina hata tofali. Ukilinganisha na riba ya 10,470 katika mfano wetu wa kwanza, anayejenga kwa mkopo wa miaka mitano amepata nyumba yake kwa tofauti ndogo sana. Ni hesabu nzuri kwa mwenye kipato kinachoweza kubeba dola 508. Kwa miaka kumi, kodi aliyookoa ni dola 18,000 na riba ni 23,240. Bado inaweza kuwa hesabu inayokubalika, ikiwa tu hakuna kitu kitakachoharibika katikati.

Na hapo ndipo Bukavu inapotofautiana na mahali ambapo mikopo ya miaka ishirini ni jambo la kawaida. Wazee wa Bagira wanajua kwamba wazo la kumpa mfanyakazi nyumba na kumwacha ailipie kidogo kidogo si geni hapa. Office des Cités Africaines, shirika lililoanzishwa 1952 wakati wa ukoloni, lilijenga mitaa kama Bagira, na nyumba zake bado zinakaliwa. Mpango wa namna hiyo unahitaji miaka mingi yenye utulivu, fedha isiyoyeyuka na hati ya ardhi isiyo na mashaka. Sisi tangu hapo tumepita katika vita, mfumuko wa bei, wakimbizi wa 1994, vita vya 1996 na 1998, tetemeko la mwezi wa pili 2008, na sasa haya ya 2025. Kila mkopeshaji anaiona historia hiyo na kuiongeza katika riba. Kila mkopaji anapaswa kuiona pia na kuiongeza katika hesabu yake.

Turudi kwenye mfano wetu. Mtu amelipa mwaka mmoja bila kukosa, deni limeshuka kwa dola 787 na kubaki 19,213. Halafu vinakuja vita, benki inafungwa, kazi inasimama, na kwa miezi kumi na miwili halipi. Mkataba ukiachwa uendelee kama ulivyoandikwa, riba ya mwaka huo peke yake ni karibu dola 3,460. Ni zaidi ya mara nne ya kile alichopunguza kwa mwaka mzima wa kujinyima. Hapo hatujahesabu faini za kuchelewa. Mtu huyo hakucheza kamari wala hakunywa pombe. Alikuwa na nia ya kulipa, na mlango wa kulipia ulikuwa umefungwa.

Sheria yetu ya mikataba, ile iliyotokana na agizo la 1888, inatambua kwamba mtu hawezi kudaiwa fidia kwa kushindwa kutimiza ahadi ikiwa amezuiwa na nguvu asiyoweza kuipinga. Wakili mzuri anaweza kutumia msingi huo kupinga faini za kuchelewa. Lakini msingi huo haufuti deni lenyewe, na kusubiri mahakama kwa kila familia moja moja ni kuziacha familia hizo njiani. Ndiyo maana tunasema suala hili linahitaji uamuzi wa jumla.

Wakati benki ziko mbali, kuna mkopeshaji mwingine ambaye hafungi. Kila Mkongomani anamjua: Banque Lambert, yule jirani au mfanyabiashara anayekupa pesa leo na kutaka arudishiwe mwisho wa mwezi na nyongeza ambayo hakuna benki ingethubutu kuiandika. Anajulikana hasa kwa wale ambao benki haziwapokei. Kwa sheria ya mwaka 1973 ardhi yote ni ya serikali, na haki yako juu ya kiwanja inathibitishwa na cheti cha usajili kinachotolewa na msajili wa hati za ardhi. Bila cheti hicho hakuna rehani halali. Lakini katika vilima vyetu, kuanzia Cimpunda hadi Panzi, wengi wana karatasi ya kununua tu, au fishi ya kiwanja. Benki inawakataa. Banque Lambert anawapokea, ila anataka jambo moja: utie sahihi hati ya kumuuzia kiwanja, "kwa ajili ya usalama tu", ataichana ukishalipa.

Tunaomba kila msomaji alizingatie hili kwa makini, kwa sababu hapa ndipo nyumba zinapotea. Rehani na hati ya kuuza ni vitu viwili tofauti kabisa. Kongo ilijiunga na OHADA mwaka 2012, na chini ya sheria zake za dhamana mkopeshaji mwenye rehani hawezi kuichukua nyumba unayokaa kwa kifungu tu cha mkataba. Ni lazima akupe amri ya kulipa kupitia mpeleka hati wa mahakama, kisha nyumba iuzwe kwa mnada wa hadhara, na kinachobaki baada ya deni ni chako. Lakini ukitia sahihi hati ya kuuza, umejivua ulinzi huo wote. Mbele ya hakimu, mwenye karatasi ni mnunuzi na wewe ni mpangaji asiyetaka kutoka. Mtu anaweza kupoteza kiwanja cha dola 15,000 kwa deni la dola 1,500.

Na neno kwa wenye ndoa. Kanuni ya Familia inataka makubaliano ya mume na mke kabla ya kuuza au kuweka rehani nyumba au kiwanja cha familia. Mama anapoitwa jioni na kuambiwa "weka sahihi hapa, ni mambo ya benki", ana haki ya kuuliza ni karatasi gani, ya kiasi gani, na ya miaka mingapi. Swali lake moja linaweza kuwa ndilo ulinzi wa mwisho wa watoto.

Basi nini kifanyike?

Kwa wakopeshaji, yaani benki, taasisi ndogo za fedha na vyama vya akiba na mikopo, tunadai mambo mawili. Kwanza, kila mkopaji apewe karatasi moja, kwa lugha anayoisoma, yenye namba nne: kiasi atakachopokea mkononi, malipo ya kila mwezi, jumla atakayokuwa amelipa siku ya mwisho, na deni litakalobaki mwishoni mwa kila mwaka. Namba hizo zimo tayari katika mashine zao, na kuzichapa hakugharimu kitu. Pili, miezi ambayo milango yao ilikuwa imefungwa isitozwe faini, na riba yake isiongezwe juu ya deni ili nayo izae riba. Mkopeshaji aliyefunga kaunta yake hawezi kumwadhibu aliyeshindwa kuifikia. Malipo hayo yasogezwe mwisho wa mkataba, na mkopaji aandikiwe barua.

Tunajua jibu lao: pesa wanazokopesha ni za wenye akiba, na wenye akiba nao wanataka haki yao. Ni kweli. Taasisi ya mikopo ikianguka, anayeumia kwanza ni mama aliyeweka dola zake 200. Ndiyo maana hatuombi madeni yafutwe. Tunaomba hasara ya vita isibebwe na upande mmoja.

Kwa Banki Kuu na wabunge, mfano uko karibu. Kongo ni mwanachama wa Jumuiya ya Afrika Mashariki tangu 2022, na nchini Kenya sheria ya benki imeweka kikomo tangu 2007: mkopo ukishashindwa kulipika, riba inayoendelea kuongezeka haiwezi kupita kiasi cha deni la msingi kilichokuwa kimebaki. Deni likifika mara mbili linasimama. Kanuni hiyo haikuua benki za Kenya. Imewazuia wakopeshaji kulala huku deni likikua, wakisubiri nyumba ya mtu. Sisi, ambao vita vinatufungia benki, tunaihitaji kuliko wao. Na tusidhani kwamba majirani wamefika mbali sana: hata Kenya, yenye watu zaidi ya milioni hamsini, mikopo ya nyumba ya benki ni karibu 30,000 tu. Sehemu kubwa ya Afrika Mashariki bado inajenga tofali kwa tofali.

Kwa msomaji anayefikiria kukopa, ushauri wetu ni wa kawaida. Uliza jumla, usiulize mwezi tu. Uliza riba inahesabiwa juu ya deni lililobaki au juu ya deni la mwanzo. Uliza kama unaweza kulipa mapema bila faini. Katika mfano wetu wa miaka kumi, dola 50 za ziada kila mwezi zinamaliza deni kwa miezi 89 badala ya 120 na kuokoa karibu dola 7,000. Usikope dola kama mshahara wako ni faranga, isipokuwa ungeweza kulipa hata dola ikipanda kwa theluthi moja. Weka pembeni malipo ya miezi sita kabla ya kuanza, mahali ambapo geti la benki haliwezi kuyafungia yote: MUSO na likelemba zimetuvusha tangu zamani. Kama kiwanja chako kiko kwenye mteremko au katika mtaa wa mbao kama Nyamugo, kumbuka kwamba bima ya maisha ya mkopaji hailipi nyumba iliyochukuliwa na mmomonyoko au moto. Nyumba itaondoka, deni litabaki.

Na aliye na deni tayari asijifiche. Aandike barua kwa mkopeshaji wake, ataje tarehe ambayo hakuweza kulipa na sababu yake, aombe taarifa ya deni iliyotiwa mhuri, na ahifadhi kila risiti na kila ujumbe wa simu. Siku milango itakapofunguliwa yote, maelfu watasimama kwenye foleni wakiwa na hadithi moja. Atakayesikilizwa haraka ni mwenye karatasi.

Wahenga walisema kukopa harusi, kulipa matanga. Walijua kwamba siku ya kupokea pesa watu wote ni marafiki. Mkopo wa nyumba hauna budi kuwa na matanga yake, lakini inawezekana mtu akajua tangu siku ya harusi matanga hayo yatagharimu kiasi gani. Bukavu imepoteza vya kutosha kwa mambo ambayo hakuna aliyeweza kuyahesabu. Hili linahesabika, kwa kalamu na karatasi moja, kabla ya sahihi.